Uzi wa mizinga: acheni kuangalia ukubwa wa mtutu, angalieni nani anaona na nani anapiga hesabu

Mtutu Baridi (mwanzisha uzi)

Wakuu habari za muda huu.

Kila ikianza stori ya vita utakuta watu wanagombania ndege na vifaru, hii ina spidi hii, kile kina chuma kinene hivi, halafu mizinga inawekwa pembeni kama vile kazi yake ni kupiga saluti rais mgeni akija. Wakati ukifungua hesabu za vita kuu ya kwanza ya dunia, zaidi ya nusu ya waliouawa na kujeruhiwa walipatwa na mizinga na mota, sio bunduki, sio singe, sio gesi. Mtu anachanwa na chuma kilichotoka kilomita 8 huko, aliyekifyatua hajamuona na hatakuja kumuona.

Na hata wale wachache wanaoipenda mizinga wengi wao wanapenda likubwa tu, lile la kupigia picha. Msimamo wangu ni kwamba mtutu ndio sehemu rahisi ya hii kazi. Ugumu uko kwa anayeona shabaha, anayepiga hesabu na anayeleta makombora yasikauke. Mwenye hayo alishinda hata na mitutu ya kawaida, na asiyekuwa nayo alilia hata akiwa na dude refu kama mnazi.

Tuanze 1453, Constantinople (Istanbul ya leo), maana ndio mfano kila mtu anaukimbilia. Kuna fundi wa kuyeyusha shaba anaitwa Orban, anatajwa kama Mhangari, alianza kwa kumuuzia ujuzi wake mfalme wa Constantinople, mfalme hana hela, jamaa akavuka upande wa pili kwa Sultan Mehmed II wa Waturuki ambae alikuwa nazo. Akamtengenezea bombadi, yaani mzinga mnene wa kutupa mawe, la urefu wa kama mita 8 linalotupa jiwe la zaidi ya nusu tani. Likakokotwa kutoka Edirne na ng'ombe 60 na mamia ya watu, wengine wametangulia kutengeneza barabara na madaraja ili lipite.

Sasa hapa ndio watu hawapafiki. Lile dude lilikuwa linapiga kama mara 7 tu kwa siku. Likishapiga inabidi lipoe taratibu, lipakwe mafuta, lisipasuke. Katikati ya mkupuo mmoja na mwingine, na usiku kucha, wenye mji wanaziba tundu kwa magogo, udongo na mapipa. Kazi kubwa ya kuuchosha ukuta ilifanywa na makumi ya mizinga ya kawaida iliyosaidiana nalo kuanzia Aprili mpaka tarehe 29 Mei mji ulipoanguka, na bado ilibidi watu waingie kwa miguu wakafe pale kwenye kifusi. Picha zote kachukua bombadi.

Mwaka huo huo, tarehe 17 Julai, kule Castillon Ufaransa, ndugu wawili Jean na Gaspard Bureau walimmaliza jenerali mzee wa Waingereza John Talbot bila hata dude moja la ajabu. Walichimba handaki, wakapanga mizinga inayotajwa kufika kama 300, mingi midogo, ikiwa imeelekezwa ili mkupuo mmoja upite ubavuni mwa wanaokuja. Talbot akaambiwa Wafaransa wanakimbia kwa sababu limeonekana vumbi la farasi, akavamia bila kusubiri wenzake. Walikuwa wanaondoa farasi tu kambini. Vita vya miaka mia vya Waingereza na Wafaransa vikaishia hapo kwa vitendo.

Naendelea, nipeni nafasi.

Kapera Mzoefu

Nimeshaweka mkeka hapa siondoki. Ila mkuu swali la haraka, ukuta kama ulikuwa unaanguka hivyo mbona ngome ziliendelea kujengwa? Si wangeacha tu.

Mtutu Baridi

Swali zuri mkuu, na jibu lake mojawapo liko Mombasa.

Mwaka 1494 mfalme Charles VIII wa Ufaransa aliingia Italia na mizinga ya shaba iliyowekwa kwenye magurudumu, inavutwa na farasi badala ya ng'ombe, inarusha tufe za chuma badala ya mawe. Tufe la chuma ni dogo lakini linatoboa, jiwe linapasukia ukutani. Ngome zilizokuwa zinasumbua majeshi kwa miezi zikaanza kufunguka ndani ya masaa. Mtaliano akakaa chini akafikiri: ukuta mrefu na mwembamba ni kumrahisishia adui kazi. Akaufanya mfupi, mnene, uliojaa udongo ndani wa kumeza tufe, halafu kona akazitoa nje kama ncha za nyota ili kila upande ulindwe na mizinga ya upande wa pili, hakuna sehemu unasimama usipigwe.

Fort Jesus pale Mombasa ni mtoto wa fikra hiyo. Wareno walianza kuijenga 1593 kwa ramani ya Mtaliano Giovanni Battista Cairati. Na angalia ilivyoanguka: Waomani waliizingira kuanzia 1696 mpaka Desemba 1698, karibu miaka 3, na kilichowamaliza waliokuwa ndani ni njaa na maradhi kuliko tufe lolote. Kwa hiyo mzinga ulibomoa kuta za zamani, halafu wenyewe ukazaa kuta mpya zilizourudisha kwenye kusubiri. Mchezo huu wa paka na panya haujawahi kuisha hadi leo.

Kapera Mzoefu

Aisee. Nimepita pale na kupiga picha na mizinga ya kutu sikujua nimesimama kwenye jibu.

Bi Hesabu

Mimi naomba ufafanue kidogo kitu kimoja kabla hujaruka kwenda kwa Napoleon (najua unaenda huko, wote mnaenda huko 😂). Hawa watu walikuwa wanapigaje? Maana kwenye muvi mtu anawasha utambi tu, buum, anawasha tena.

Mtutu Baridi

Dada muvi zinaongopa sana hapo. Chukua mzinga wa uwanjani wa miaka ya 1800, tuseme wa tufe la ratili 12. Umeshapiga. Kwanza mzinga wenyewe umekurudisha nyuma, unapiga teke unarudi hatua kadhaa, kwa hiyo shabaha yote imepotea na inabidi watu wausukume kwa mabega urudi pale pale. Mmoja anachovya mti wenye ngozi ya kondoo kwenye ndoo ya maji anausukuma mpaka mwisho wa mtutu kuzima makaa ya baruti yaliyobaki, maana yasipozimika mfuko wa pili ukiingia unalipukia mikononi mwa anayeshindilia. Wakati huo mwingine amesimama nyuma kaziba kale katundu ka kuwashia kwa dole gumba, amevaa kifuko cha ngozi kwenye hilo dole kwa sababu shaba inaunguza. Kazi yake ni hiyo tu, kuziba hewa isichochee makaa. Akizembea kuinua dole, mwenzake kule mbele anapoteza mikono. Halafu unaingia mfuko wa baruti na tufe, vinashindiliwa, anachoma mfuko kwa sindano kupitia katundu, anaweka kijiti chenye baruti, wote wanakaa pembeni ya magurudumu, ndipo unawashwa.

Timu nzuri ilifanya hayo yote kama mara 2 kwa dakika, kwa kulenga. Na haya wanafanya huku wanapigwa wao.

Uzuri wa Wafaransa kabla hata Napoleon hajazaliwa kwenye umaarufu ni kwamba ofisa mmoja anaitwa Gribeauval kuanzia 1765 alipanga upya kila kitu. Saizi chache tu za mizinga, mitutu imepunguzwa uzito, magurudumu na vipuri vya kufanana ili kilichovunjika huku kitolewe kule, farasi wafungwe wawili wawili badala ya mmoja nyuma ya mwingine. Hakuna mtu anaimba nyimbo za Gribeauval. Lakini bila yeye yule kijana wa Corsica asingekuwa na cha kuchezea.

Napoleon mwenyewe alisomea mizinga, akatoka ofisa 1785, jina akalipata Toulon 1793 kwa kuelewa kwamba huna haja ya kuupiga mji, ukipata kilima kinachotazama bandari na ukaweka mizinga pale, meli za Uingereza zitaondoka zenyewe. Zikaondoka. Hapo hata hajafika miaka 25.

Lakini kwangu mimi siku bora ya mizinga kipindi kile sio yake, ni ya jenerali wake Sénarmont, Friedland, tarehe 14 Juni 1807. Jamaa alikusanya mizinga kama 30 akaipeleka mbele kwa vipande, inapiga, inafungwa kwa farasi, inasogea, inapiga tena, mpaka ikafika hatua kama 120 kutoka kwa askari wa miguu wa Urusi na kuanza kuwamwagia makopo ya risasi. Kopo likitoka linapasuka na kutawanya risasi kwa mkupuo. Mpaka pale mizinga ilikuwa inasaidia wengine washambulie. Siku ile mizinga ndiyo ilishambulia.

Waterloo 1815 nitagusa tu: mvua ya usiku, tope, Napoleon akachelewa kuanza mpaka ardhi ikauke, na sababu moja ni kwamba tufe likidundia tope linazama badala ya kuruka ruka kuua safu nzima. Asilimia kubwa ya kazi ya tufe ilikuwa kwenye kudunda.

Chuma Chakavu

Mkuu nakupa heshima zako ila unatuuzia mbuzi kwenye gunia. Mwisho wa siku mizinga haishiki ardhi. Askari wa miguu ndio anaingia kwenye handaki na kusema hapa pangu. Mifano yako yote miji ilichukuliwa na watu kwa miguu, hata wewe umeandika Constantinople ilibidi watu waingie. Ngoja nikukumbushe Somme, Ufaransa, vita kuu ya kwanza. Wiki nzima ya mizinga, na ikawaje?

Mtutu Baridi

Umenipeleka nilipotaka kwenda lakini ngoja nipitie hapa katikati upesi.

1897 Wafaransa wakatoa mzinga wa milimita 75. Kilichobadilika ni lile teke. Mtutu ukipiga unarudi nyuma peke yake juu ya kitako chake, mafuta na hewa iliyobanwa vinaudaka na kuurudisha mahali pake, magurudumu hayasogei. Hakuna tena kusukuma kwa mabega. Timu nzuri inafikisha makombora 15 kwa dakika. Kutoka 2 kwenda 15, kaeni na hiyo namba kichwani.

Sasa ukipiga hivyo mahali unaonekana na wewe unapigwa hivyo hivyo, kwa hiyo mizinga ikaanza kujificha nyuma ya vilima. Vita ya Urusi na Japani ya 1904 na 1905 ilionyesha wazi kwamba mzinga ulio wazi unakufa. Ukiwa nyuma ya kilima huoni unachopiga, inabidi mtu mwingine akae mbele na simu ya waya akwambie ongeza 200, kushoto kidogo. Kuanzia siku hiyo mpiga mzinga akawa mtu wa jedwali na penseli, na hiyo ndio nguzo ya hoja yangu.

Sasa Somme. Waingereza walianza kupiga tarehe 24 Juni 1916, wakatupa makombora kama milioni 1.5 kwa wiki moja, tarehe 1 Julai watu wakatoka kwenye mahandaki wakitembea. Siku hiyo moja Waingereza wakapata hasara ya watu zaidi ya 57,000, na zaidi ya 19,000 wamekufa. Kwa nini? Makombora mengi yalikuwa ya shrapneli, yaani yanatawanya vigololi hewani, yanaua mtu aliye wazi lakini hayafanyi kitu kwa Mjerumani aliyelala mita 9 chini ya ardhi na hayakati waya wa miba inavyotakiwa. Mengine hayakulipuka kabisa, viwanda vilikuwa vinakimbizana na oda. Halafu mizinga mizito ilikuwa michache ukiigawa kwa urefu wa ule mstari. Na hakuna aliyejua mizinga ya Mjerumani imejificha wapi, kwa hiyo ilikuwepo mizima pale filimbi zilipopigwa.

Kwa hiyo ndugu yangu Chuma Chakavu, ukinitajia Somme unanisaidia. Milioni 1.5 bila macho na bila hesabu ni kelele.

Chuma Chakavu

Haya, nipe basi siku ambayo hayo macho yalifanya kazi. Na usinirudishe kwa Napoleon.

Mtutu Baridi

Nakupa. Kuna kijana mwanafizikia upande wa Waingereza anaitwa Lawrence Bragg, kapata Nobel 1915 pamoja na baba yake akiwa na miaka 25, jeshi likampeleka mbele kutafuta mizinga ya adui kwa kutumia sauti. Tatizo maikrofoni za kawaida zinasikia kila kitu, bunduki, mbwa, mkokoteni, lakini ile sauti nzito ya mzinga ukitoa kombora haikamatiki vizuri. Bragg alikuwa amepanga kwenye nyumba ambayo choo chake hakina dirisha, akagundua kwamba mzinga mkubwa wa jirani ukipiga, hata kama masikio hayasikii cha maana, yeye aliyekaa anainuliwa kidogo kwenye kiti. Yaani kuna msukumo wa hewa mzito usiosikika. Koplo mmoja kwenye kikosi chake, William Tucker, akaja na wazo la waya mwembamba sana uliopashwa moto kwa umeme: ule msukumo ukipita waya unapoa, umeme unabadilika, unaandikwa kwenye filamu. Unazipanga hizo maikrofoni kwenye mstari, unasoma tofauti za muda, sehemu ya sekunde kwa sehemu ya sekunde, unachora mistari kwenye ramani, inapokutana ndipo mzinga ulipo. Kufika mwisho wa vita walikuwa wanaupata kwa tofauti ya makumi ya mita tu.

Matokeo: Cambrai, 20 Novemba 1917, mizinga kama 1,000 ilianza kwa pamoja alfajiri bila hata kombora moja la kujipima kabla. Zamani ilibidi upige pige siku kadhaa kurekebisha, adui anajua unakuja. Safari hii upepo, joto, uchakavu wa kila mtutu, vyote vimeshapigiwa hesabu usiku. Kila mtu anakumbuka vifaru vya Cambrai, mimi nakumbuka hilo.

Upande wa Wajerumani kulikuwa na Georg Bruchmüller, ofisa alieshastaafishwa kabla ya vita, wakamrudisha kazini. Yeye alikataa habari ya kupiga wiki nzima. Masaa machache, lakini kwa mpango: kwanza simu na makao makuu ya adui, halafu mizinga yake kwa gesi, mahandaki mwishoni. Tarehe 21 Machi 1918 mizinga zaidi ya 6,000 kwa masaa 5, zaidi ya makombora milioni moja, na mstari wa Waingereza ukapasuka. Kisha na yeye akaja kukwama kwenye kile cha tatu, usafiri. Farasi na mabehewa hayakuweza kuvusha mizinga na makombora juu ya ardhi ambayo mizinga yenyewe imeichimba mashimo.

Mwana Rufiji

Mkuu naomba niingize na ya kwetu maana inakaa pale pale kwenye hoja yako ya macho.

Meli ya kivita ya Ujerumani, Königsberg, baada ya kuizamisha Pegasus ya Waingereza pale Zanzibar Septemba 1914 ilijificha kwenye delta ya Rufiji. Mikoko, vijito, huioni kutoka baharini. Waingereza wakaleta meli mbili fupi fupi zenye kina kidogo, Severn na Mersey, zina mizinga ya inchi 6. Tarehe 6 Julai 1915 wakajaribu wakashindwa. Tarehe 11 Julai wakarudi, kuna ndege juu inaangalia kombora linadondokea wapi na kutuma kwa redio, ongeza, punguza. Mpiga mzinga hajawahi kuiona meli anayoipiga. Königsberg ikapigwa, nahodha Looff akaamuru ilipuliwe.

Ila kumbe haijaisha. Wajerumani wakaenda kuizamia, wakatoa mizinga yote 10 ya sentimita 10.5, wakaipeleka Dar es Salaam kwenye karakana ya reli kutengenezewa magurudumu, von Lettow-Vorbeck akatembea nayo bara. Kwa muda ikawa ni kati ya mizinga mikali kuliko yote upande huu wa Afrika. Sasa jiulizeni ilitembeaje. Mzinga wa meli haukutengenezwa kuvutwa porini, na ng'ombe na farasi wanakufa kwa ndorobo. Ilivutwa na wapagazi, mamia ya watu kwa kamba kwenye mzinga mmoja, na makombora yakabebwa vichwani. Kwenye hiyo kampeni wapagazi walikufa wengi kuliko askari, kwa njaa na magonjwa. Mmoja mmoja ikaharibiwa, mingine wenyewe waliilipua isichukuliwe. Iliyobaki inajulikana ipo Mombasa pale Fort Jesus, Jinja na Pretoria.

Bi Hesabu

Kwa hiyo wale waliovuta ndio kikosi halisi cha mizinga.

Mwana Rufiji

Kabisa. Na hakuna aliyepewa medali.

Mtutu Baridi

Asante sana Mwana Rufiji, hii nilikuwa nayo lakini nisingeieleza hivyo.

Twende vita ya pili, hapa ndio wapenda ukubwa wanakuja na Gustav wao. Haya Gustav huyu hapa: mzinga wa Wajerumani uliotengenezwa na kampuni ya Krupp, kipenyo sentimita 80, uzito kama tani 1,350, kombora la kutoboa zege tani 7. Linatembea kwenye reli mbili sambamba zilizojengwa kwa ajili yake tu, maelfu ya watu kulitandikia reli na kulilinda na ndege. Sevastopol, Juni 1942, lilipiga makombora 48. Kweli lilifikia ghala la silaha lililokuwa chini ya ghuba, siwezi kulinyima hilo. Ila makombora 48 kwa chuma na jasho lote lile, baada ya hapo kazi yake ikawa kuzungushwa kwenye mabehewa.

Upande wa pili Wamarekani kule Fort Sill, shule yao ya mizinga, miaka ya 1930 hawakuwa na bajeti ya madude, walikuwa na walimu wakorofi wa hesabu. Wakatengeneza chumba kimoja cha kupanga mapigo kwa kikosi kizima: mwangalizi yeyote mbele mwenye redio anaita, chumba kinapiga hesabu kwa kila betri (kundi la mizinga michache), na mizinga iliyotawanyika kilomita kadhaa inapiga sehemu moja. Wakaongeza ujanja wa kupanga muda, kila betri inafyatua kwa wakati wake kulingana na umbali, ili makombora yote yadondoke ndani ya sekunde zile zile. Mtu aliyepigwa kwa kawaida ana sekunde chache za kulala chini baada ya kombora la kwanza. Hapa la kwanza na la 50 ni moja. Na Desemba 1944 kule Ardennes wakaongeza fyuzi (kifaa cha kulipulia) yenye redio ndogo ndani inayolipua kombora juu ya vichwa bila kugusa ardhi, handaki la wazi likawa halina maana.

Mrusi yeye alipenda wingi. Katyusha, roketi za kwenye lori, ilipiga mara ya kwanza kituo cha reli cha Orsha tarehe 14 Julai 1941, roketi 16 kwa lori moja ndani ya sekunde chache, halafu lori linakimbia. Kwa shabaha ni mbovu, kupakia upya ni polepole, lakini betri nzima ikimwaga kwa pamoja eneo zima linageuka. Na lori ni lori tu, likiharibiwa unaleta jingine.

Kapera Mzoefu

Hapo kwenye roketi za lori wazee wa vita ya Kagera wanazijua, zile BM-21 za roketi 40 watu waliziita Saba Saba. Askari wa Amin wakisikia ule mlio wanavua magwanda.

Chuma Chakavu

Sawa nakubali kidogo 😅 ila Dien Bien Phu, kule Vietnam Wafaransa walipopigwa 1954, hujaitaja na ni ya upande wangu. Walioshinda pale ni watu kwa miguu yao.

Mtutu Baridi

Walishinda kwa miguu ndiyo, lakini waliitumia kupandisha mizinga!

Kamanda wa mizinga wa Wafaransa pale, kanali Charles Piroth, mwenye mkono mmoja, aliwahakikishia wakubwa kwamba Viet Minh, wapiganaji wa Vietnam chini ya jenerali Giap, hawawezi kuleta mizinga ya maana kwenye ile milima, na wakileta itazimwa mara moja. Giap akaipandisha kwa kamba, watu na watu, hawitza (mizinga ya kurusha kombora juu) za milimita 105 za Kimarekani zilizotekwa kwingine zikamfikia kupitia China. Januari 1954 ilikuwa tayari karibu ipige, akaona mpango haujakaa sawa, akaamuru ishushwe yote irudi nyuma, halafu ipandishwe tena. Fikiria kuwa wewe ndio uko kwenye kamba unaambiwa hivyo. Safari ya pili wakaichimbia mapango kwenye mteremko unaotazama bonde, mdomo tu ndio uko nje, Mfaransa hawezi kuiona wala kuigusa. 13 Machi ikaanza, uwanja wa ndege ukafungwa, siku 2 baadae Piroth akajiua kwa guruneti. 7 Mei kambi ikaanguka. Walioko bondeni wanaonekana na walioko juu, hesabu ndogo hiyo.

Bi Hesabu

Na sasa hivi? Droni si zimemaliza huu mjadala? Naona video za Ukraine droni ya bei ya simu inaunguza mzinga wa mamilioni.

Mtutu Baridi

Droni zimeua mizinga mingi sana, sibishi. Lakini angalia ilivyofanya kwanza: ilichukua kazi ya yule jamaa wa simu ya waya na ya ile ndege ya Rufiji. Mwangalizi wa zamani alikuwa anaona upande mmoja wa kilima. Leo kila kikosi kidogo kina jicho angani, shabaha inatumwa kwenye tableti, mzinga unapiga ndani ya dakika chache na unaona kombora limedondoka wapi saa hiyo hiyo. Na adui nae ana hivyo hivyo, pamoja na rada zinazolidaka kombora lako likiwa hewani na kurudisha hesabu nyuma mpaka lilikotokea. Kwa hiyo ukipiga unaondoka, mizinga ya kwenye magari kama Caesar ya Ufaransa ndio maana inapendwa, na ile ya kukokotwa inateseka.

Halafu kimoja ambacho droni haikukifuta ni njaa ya makombora. Kombora la kawaida la 155 lina uzito wa kama kilo 43, linafika iwe ukungu, mvua au mawimbi ya redio yamevurugwa. Baada ya 2022 nchi tajiri zikagundua zimefunga viwanda miaka ya amani na haziwezi kutengeneza la kutosha. Uingereza ilipitia hayo hayo 1915, uhaba wa makombora ukasaidia kuiangusha serikali ya Asquith ya chama kimoja, ikaundwa wizara nzima ya silaha chini ya Lloyd George.

Kapera Mzoefu

Sasa mkuu hapo sielewi, kombora si chuma na baruti? Nchi inatengeneza simu na magari inashindwaje kopo la chuma.

Mtutu Baridi

Kwa sababu kopo lenyewe linafyatuliwa kwenye mtutu. Kipande cha chuma kinapashwa mpaka kiwe chekundu, kinatobolewa kwa presi, kinachongwa kwa vipimo vidogo sana kwa sababu kikizidi kidogo kinakwama kwenye mtutu na kikipungua gesi inavuja pembeni na shabaha inaharibika. Halafu TNT inayeyushwa na kumiminwa ndani ikiwa uji, hapo ndio kazi ya uvumilivu, inapozwa taratibu kwa masaa. Ukiipoza haraka inabaki na mapovu au ufa katikati, na kombora likifyatuliwa lile teke linaibana ile nafasi, linaweza kulipukia ndani ya mtutu wako mwenyewe na watu wako wako pale. Kwa hiyo kabla halijatoka kiwandani linapigwa eksirei kama mgonjwa. Mashine za hivyo haziagizwi leo zikaja kesho, na mafundi walioyajua walishastaafu.

Bi Hesabu

Na kina mama wa viwandani 1915 mpaka 1918, waliojaza hiyo TNT kwa mikono mpaka ngozi zikageuka njano, wakawa wanaitwa vindege vya njano. Usiwasahau kwenye orodha yako ya walioleta makombora.

Mtutu Baridi

Sijawasahau dada, nilikuwa nawawekea nafasi yao, ila umeshawahi. Mizinga ya meli na ya pwani nitaifungulia uzi wake maana humu itajaa. Chuma Chakavu njoo na hoja zako kule.

Chuma Chakavu

Nakuja na singe.